"Nze." Ni Mwezi Gani? Faili za Maktaba za Programu na Lugha za Bujumbura

Programu-tumizi iliyoandaliwa kuonyesha tarehe kwa Kirundi na kufupisha majina ya miezi ingeweza, kwa miaka mingi, kumwandikia mtumiaji wa Bujumbura "5 Nze." Kwa Mrundi kifupisho hicho kina tafsiri moja tu: Nzero, yaani Januari. Programu ilikusudia Septemba. Katika faili ileile, majina kamili ya miezi yalikuwa sahihi, kuanzia Nzero, Ruhuhuma na Ntwarante hadi Kigarama. Lakini safu ya vifupisho ilikuwa na miezi ya nchi jirani: Mut., Gas., Wer., Mat., na kuendelea hadi Uku. Hiyo ni Mutarama, Gashyantare, Werurwe, Mata na Ukuboza ya Kinyarwanda, na "Nze." ni Nzeri yao. Hali ya "Nya." ni mbaya zaidi, kwa kuwa Nyakanga ipo katika lugha zote mbili. Kigali ni Julai. Bujumbura ni Septemba.

Kosa hili halikutokana na mtunzi wa programu yoyote ya benki, zahanati au shule. Lilikuwa katika data ambazo watunzi hao hawakuziandika na ambazo wengi wao hawakujua kuwa wanazitumia. Ili kueleza jinsi lilivyofika huko, ni lazima kurejea historia ya faili za maktaba zinazotumiwa kwa pamoja.

Hapo awali, kila programu ilibeba ndani yake kila kitu ilichohitaji. Wazo la kuziacha kazi za kawaida katika faili moja, ili programu nyingi ziiazime wakati zinapoendeshwa, lilijaribiwa katika mfumo wa Multics miaka ya 1960. Windows ya kwanza ya mwaka 1985 ilijengwa juu ya faili za aina hiyo, zijulikanazo kama DLL, na SunOS 4.0 ya mwaka 1988 ikaupa ulimwengu wa Unix utaratibu wake. Sababu ya kwanza ilikuwa uhaba: kumbukumbu na diski vilikuwa ghali. Faida ya pili ndiyo iliyodumu. Kosa likirekebishwa katika faili moja, programu zote zinazoitegemea hupona kwa pamoja. Kwa mantiki hiyohiyo, faili ikikosea, zote hukosea kwa pamoja.

Kuandika tarehe, fedha na nambari kwa desturi ya kila nchi ni kazi inayofaa sana kuachiwa maktaba. Maktaba iliyotawala kazi hiyo ni ICU, ambayo asili yake ni kampuni ya Taligent iliyoanzishwa na Apple na IBM mwaka 1992. IBM iliitoa kwa umma kama programu huria mwaka 1999, na tangu mwaka 2016 imo chini ya Unicode Consortium. Imo katika Android, katika mifumo ya Apple, na tangu mwaka 2017 katika Windows 10 kama faili za mfumo wenyewe. ICU hupata majina ya miezi na siku kutoka hazina ya CLDR, ambayo Unicode Consortium iliichukua mwaka 2004. Kwa hiyo mstari mmoja katika CLDR husomwa na simu na kompyuta zisizohesabika, na Burundi ni sehemu ndogo sana ya mzigo huo.

Lugha nyingi za Afrika ziliingia katika hazina hiyo karibu na mwaka 2010, kwa jitihada za mtandao wa ANLoc uliofadhiliwa na shirika la Kanada la IDRC. Kazi ile inastahili heshima. Bila yake Kirundi kisingekuwamo kabisa. Hata hivyo, kuingiza na kukagua ni kazi mbili tofauti. Kirundi na Kinyarwanda hufanana kiasi kwamba mhariri asiyezijua hawezi kushuku chochote anapoona "Gas." chini ya Ruhuhuma. Mwanafunzi yeyote wa shule ya msingi ya Buyenzi au Ngagara angeliona kosa hilo mara moja, lakini hakuna aliyemwonyesha.

Tena, marekebisho kwenye chanzo hayatoshi. Watunzi wengi, kwa kuhofia maktaba itakayobadilika bila wao kujua, huchukua nakala ya data na kuifungasha ndani ya programu yao. Angular, mfumo unaotumiwa sana kujenga tovuti, husambaza data za CLDR kwa njia hiyo, na vifupisho vya Kinyarwanda vilisambaa pamoja nazo chini ya jina la Kirundi. Simu ya zamani isiyopokea masasisho nayo hubaki na faili iliyozaliwa nayo.

Kwa Kiswahili cha Burundi tatizo ni la aina nyingine: hakimo. Hadi toleo la 44 la CLDR, la mwaka 2023, Burundi ilikuwa na Kirundi, Kifaransa na hata Kiingereza chake. Kiswahili kiliorodheshwa kwa Tanzania, Kenya, Uganda na Kongo. Nchi iliyoingia Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2007, na ambayo mji wake mkuu wa kibiashara una mtaa kama Buyenzi unaozungumza Kiswahili tangu ulipoitwa Usumbura, haikuwa na mstari hata mmoja. Maktaba isipopata ingizo la nchi hurudi kwenye Kiswahili cha jumla, ambacho kwa desturi ni cha Tanzania. Bei huandikwa BIF 25,000, kwa koma, wakati data za Kirundi hutenga maelfu kwa nukta na kuandika FBu. Aliyesomea hesabu kwa Kifaransa huiona koma kama alama ya desimali. Faranga elfu ishirini na tano huweza kusomeka kama ishirini na tano. Wakongo hawapati taabu hiyo, kwani ingizo lao hufuata nukta.

Mfano wa Kongo unafaa kuchunguzwa na washauri wa sera. Kiswahili chake kiliingizwa kwanza kama lugha ya pekee, chenye msimbo wa swc na miezi kama "mwezi ya kwanja", kisha kikahamishiwa chini ya Kiswahili kama tawi la nchi. Tawi la Burundi lingehitaji data chache zaidi: alama ya faranga, nukta na koma, na mpangilio wa tarehe. CLDR hupokea mapendekezo kupitia chombo cha mtandaoni, na mashirika yanaweza kupewa nafasi ya kupiga kura juu ya kila neno. Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki yenye makao Zanzibar, ikishirikiana na Chuo Kikuu cha Burundi, ina wataalamu wa kutosha kwa kazi hiyo, na watu walewale wanaweza kuipitia safu ya miezi ya Kirundi, kuanzia Nzero hadi Kigarama, kwa muda usiozidi asubuhi moja.