Pareto Ilivyoimega Hifadhi ya Volkano

Ukitoka mjini Musanze kuelekea Kinigi, kaskazini mwa Rwanda, mashamba ya viazi hupanda na mlima hadi kwenye ukuta wa mawe meusi, kisha hukoma. Upande wa pili ni mianzi mitupu. Mpaka huo mkali ulichorwa ofisini, kwa ajili ya ua jeupe ambalo wakulima wa Molo na Mafinga wanalifahamu vizuri: pareto.

Hifadhi yenyewe ilianza kwa bunduki. Oktoba 1902, Kapteni Robert von Beringe, ofisa wa Kijerumani, aliwapiga risasi gorila wawili kwenye mlima Sabyinyo, na jina lake likabaki katika jina la kisayansi la mnyama huyo. Mwaka 1921 akaja Mmarekani Carl Akeley kuwinda gorila kwa ajili ya jumba la makumbusho la New York. Akawapata, halafu akaanza kumsihi Mfalme Albert wa Ubelgiji awalinde waliobaki. Mwaka 1925 ikatoka amri ya kuunda Hifadhi ya Albert, ya kwanza ya taifa barani Afrika, na mwaka 1929 ikapanuliwa; sehemu yake ya Rwanda ndiyo Hifadhi ya Volkano ya leo. Akeley aliporudi mwaka 1926 alifariki huko huko, akazikwa Kabara, chini ya mlima Mikeno. Watwa, waliokuwa wakiishi kwa kuwinda katika misitu hiyo, hakuna aliyewauliza.

Milima hii ya Virunga huvaa mimea kwa matabaka. Chini kabisa palikuwa na msitu mchanganyiko wa miti mirefu. Juu yake inakuja mianzi, ambayo machipukizi yake ya msimu wa mvua gorila huyashukia kwa wingi. Kisha hufuata miti ya Hagenia, iliyopinda na kufunikwa na kuvumwani, na chini yake majani mabichi tele: figili mwitu, viwavi (mimea inayowasha), mbaruti. Kuanzia kama mita 3,200 hutawala lobelia na senesio ndefu kuliko mtu, na kwenye kilele cha Karisimbi, mita 4,507, hubaki nyasi fupi, kuvumwani na baridi. Gorila hutembea kati ya matabaka hayo kufuata chakula, kwa hiyo anayekata tabaka moja amewapunguzia sehemu ya mwaka wao.

Tabaka lililokatwa ni la chini. Wakulima walikuwa wamekwishamegewa ardhi ya hifadhi katika miaka ya 1950, lakini pigo kubwa lilikuja mwishoni mwa miaka ya 1960. Kwa fedha za Jumuiya ya Ulaya, karibu hekta 10,000 ziliondolewa hifadhini. Familia zikaletwa, zikagawiwa viwanja vya hekta mbili mbili, kwa sharti kwamba sehemu ya kila kiwanja ipandwe pareto. Dian Fossey, aliyefungua kambi yake ya Karisoke mwaka 1967, aliona mashamba yakimsogelea.

Hesabu ilionekana nzuri: Ulaya ilitaka dawa ya wadudu inayotokana na pareto, Rwanda ilitaka fedha za kigeni, na udongo wa volkano una rutuba. Ila maabara za Ulaya hiyo hiyo zilikuwa mbioni kutengeneza dawa za kuiga pareto, na katika miaka ya 1970 soko likayumba. Mkulima akabaki na zao asiloweza kulila. Haishangazi kwamba alipenda viazi zaidi. Msitu, hata hivyo, haukurudi.

Mwaka 1979 ulikuwepo mpango mwingine, wa kukata hekta 5,000 zaidi kwa ajili ya ng'ombe. Watafiti Bill Weber na Amy Vedder wakapendekeza watalii walipe kuwaona gorila, na hoja hiyo ikashinda. Leo kibali cha saa moja na gorila ni dola 1,500 kwa watalii wengi wa kigeni, fedha ambazo pareto haikuzikaribia. Sensa ya gorila wa Virunga nzima, iliyotangazwa mwaka 2018, ilihesabu 604, kutoka kama 250 mwanzoni mwa miaka ya 1980.

Sasa gorila wanabanana, na serikali ya Rwanda imepanga kuipanua hifadhi kwa karibu robo ya ukubwa wake wa sasa. Ardhi hiyo itatoka katika mashamba ya chini ya ukuta, na wenye mashamba watahamishiwa makazi mapya. Baadhi yao ni watoto na wajukuu wa watu walioletwa pale na serikali kulima pareto.