Tremé kwa miguu: matembezi ya kuongozwa katika mtaa wa jazi wa New Orleans

Tremé ni mtaa wa jiji la New Orleans, jimboni Louisiana, kusini mwa Marekani. Barabara ya North Rampart ndiyo inayoutenga na Mtaa wa Wafaransa, sehemu kongwe ya mji ambako watalii wengi hulala na kula. Ardhi yake ilikuwa mali ya Claude Tremé mpaka mwaka 1810, serikali ya mji ilipoinunua na kuikata viwanja. Miongoni mwa wanunuzi walikuwamo watu weusi na machotara waliokuwa huru, zaidi ya nusu karne kabla utumwa haujafutwa nchini humo. Mafundi seremala, waashi, washonaji, washona viatu na walimu wa muziki walijenga hapa nyumba zao wenyewe, na kwa sababu hiyo Tremé huhesabiwa miongoni mwa mitaa mikongwe kabisa ya watu weusi Marekani.

Matembezi ya kuongozwa mtaani humu huchukua kiasi cha saa mbili. Mgeni anayetarajia kuoneshwa jengo baada ya jengo atashangaa, kwa maana sehemu kubwa ya kumbi, baa na nyumba zilizolea jazi zilibomolewa katika karne ya 20. Kilichobaki ni viwanja, kona za barabara, makanisa machache, na watu ambao bado wanapiga muziki huo. Kazi ya mwongozaji ni kukufanya uone kilichokuwapo na kukueleza nani aliyekiondoa. Kwa maoni yangu, mwongozaji mzuri hufanya jambo la pili pia: huonesha kwamba jazi ilitoka katika vyama vya mtaa, watu waliochangiana na kuzikana, kabla haijawa sifa ya mpiga tarumbeta mmoja mmoja.

Kwa sheria ya jiji, anayeongoza wageni kwa malipo lazima awe na leseni, na haipati mpaka afaulu mtihani wa historia ya mji na achunguzwe kama ana makosa ya jinai. Baadhi ya waongozaji waliipinga sheria hiyo mahakamani wakisema inabana uhuru wa kusema; mwaka 2014 mahakama ya rufaa ya shirikisho ililipa jiji ushindi. Leseni haimzuii mtu kusimulia hekaya, hata hivyo. Njia ya haraka ya kumpima mwongozaji ni kumwuliza jazi ilizaliwa wapi. Akikutajia nyumba moja au mtu mmoja bila kusita, msikilize kwa tahadhari.

Kwa kawaida safari huanzia Congo Square, uwanja uliomo leo ndani ya Bustani ya Louis Armstrong, iliyofunguliwa mwaka 1980. Hapa inafaa kukaa kitambo. Louisiana ilipokuwa koloni la Ufaransa, sheria ya watumwa ya mwaka 1724 iliwapumzisha watumwa siku ya Jumapili, na wao wakaigeuza siku hiyo kuwa ya soko na ngoma. Waliuza mboga na vyakula walivyopika, wakakutana na ndugu na watu wa lugha zao, wakacheza. Koloni liliingia mikononi mwa Wahispania, likarudi kwa Wafaransa, na mwaka 1803 likauzwa kwa Marekani. Desturi ile ikadumu. Mwaka 1817 baraza la mji liliamuru mikusanyiko ya watumwa ifanyike Jumapili tu, kabla jua halijatua, mahali patakapoteuliwa na meya. Mahali penyewe ni hapa, wakati huo nyuma kabisa ya mji.

Msanifu majengo Benjamin Latrobe alipita hapa Februari 1819 na kuandika alichokiona. Alikadiria umati wa watu 500 au 600, wamejigawa katika duara, kila duara na wachezaji wake katikati. Aliziona ngoma za kupigwa kwa mikono na vidole, na chombo cha nyuzi ambacho tumbo lake lilikuwa kibuyu, na juu ya shingo yake kimechongwa mtu aliyeketi. Kibuyu kile ni babu wa banjo, na banjo ilipigwa katika bendi za kwanza za jazi. Mahali pengi katika Marekani ya watumwa ngoma zilikatazwa kwa hofu ya maasi. Hapa zilipigwa hadharani kwa miongo mingi, na mapigo yake, yakichanganyika na yale yaliyokuja kutoka Haiti na Kuba, yalibaki miguuni mwa watu wa mji huu hata baada ya mikusanyiko yenyewe kufifia. Mwaka 1893 mji uliupa uwanja jina la Beauregard, jenerali wa jeshi lililopigana kuutetea utumwa. Wenyeji waliendelea kuuita Congo Square, na mwaka 2011 baraza la jiji likalirudisha jina hilo rasmi.

Ukitoka bustanini ukaingia ndani ya mtaa, nyumba ni za chini, zimesogea hadi ukingoni mwa barabara, milango inafunguka moja kwa moja kwenye njia ya waendao kwa miguu. Nyingine ni nyembamba na ndefu, chumba nyuma ya chumba bila ukumbi wa kupitia. Nyumba za namna hii hazifichi muziki. Mtoto aliyefundishwa klarineti sebuleni alisikiwa na barabara nzima, na Tremé pamoja na mtaa jirani wa Seventh Ward ilikuwa na walimu hodari, kama ukoo wa Tio, uliofundisha vizazi vya wapiga klarineti kusoma nota.

Kanisa la Mtakatifu Augustino, lililoanzishwa mwaka 1841, lilijengwa kwa juhudi za watu weusi huru. Walinunua viti vya familia zao, wakanunua na vingine ili watumwa wapate mahali pa kukaa. Ubavuni mwa kanisa, nje, kuna Kaburi la Mtumwa Asiyejulikana, lililowekwa mwaka 2004. Ni msalaba mkubwa wa mnyororo mnene wa meli, umeegemea ukiwa umelala upande, na pingu za chuma zinaning'inia kwenye pete zake. Mwongozaji anayejua kazi yake hunyamaza hapa na kuwaachia wageni nafasi.

Sasa vyama. Baada ya utumwa kufutwa, kampuni za bima ziliwakwepa watu weusi au ziliwatoza zaidi, na hospitali nyingi zilikuwa za wazungu. Watu wakaunda vyama vya kufa na kuzikana: kila mwanachama alitoa mchango wake, na chama kikamlipia daktari akiugua na kumzika kwa heshima akifa. Heshima hiyo ilikuwa na bendi ya matarumbeta ndani yake. Chama cha Young Men Olympian, kilichoundwa mwaka 1884, kipo hadi leo. Kuelekea makaburini bendi hupiga tenzi za kanisani polepole, hatua kwa hatua, na ngoma ndogo huzimwa mlio kwa kulegezwa nyuzi zake za chini. Mwili ukishaagwa, ngoma hukazwa, tarumbeta hupaa, na msafara hurudi kwa muziki wa kuchezeka. Wafiwa, chama na bendi ndio safu ya kwanza. Watu wa mtaani wanaofuata wakicheza na miavuli na leso ndio safu ya pili. Vyama hivi ndivyo vilivyowapa wapiga muziki kazi ya mara kwa mara: mazishi, maandamano ya kila mwaka, dansi za kuchangisha fedha katika kumbi zao. Bila mfuko wa chama, bendi ingejilipaje?

Msomaji wa pwani yetu atakumbuka beni. Ngoma hiyo ilianza Lamu na Mombasa katika miaka ya 1890, ikaenea hadi Dar es Salaam na bara, na vyama vyake vya Marini na Arinoti vilikuwa na sare, vyeo, matarumbeta na michango ya kusaidiana katika harusi na misiba. Hakuna haja ya kudai kwamba pande hizi mbili ziliigana. Kilichofanana ni hali: watu waliotawaliwa walichukua ala za bendi za kijeshi wakazitia katika kazi ya kujitunza wenyewe, kila upande wa bahari kwa njia yake.

Barabara ya Claiborne ndiyo sehemu ngumu zaidi ya matembezi haya. Ilikuwa njia pana yenye safu za mialoni katikati, na chini ya mialoni hiyo familia zilipumzika, zikala, zikasherehekea kanivali ya Mardi Gras. Kando yake zilijaa ofisi, maduka na baa za watu weusi. Mwaka 1966 mialoni ilikatwa ili kupisha barabara kuu ya juu, ile ya Interstate 10. Biashara nyingi zikafa. Leo nguzo za zege zimechorwa picha za wanamuziki na za mialoni yenyewe, na bendi zinazopita chini yake hupenda kupiga hapo kwa sababu zege huirudisha sauti ikiwa kubwa maradufu. Mwongozaji anayekurusha eneo hili kwa sababu halipendezi amekunyima nusu ya historia.

Storyville haihitaji muda mrefu, ingawa wageni wengi huja wakiiulizia kwanza. Ilikuwa wilaya ya ukahaba iliyowekewa mipaka kwa sheria ya mwaka 1897, kandokando ya barabara ya Basin, na ilifungwa Novemba 1917 kwa shinikizo la Jeshi la Majini. Wapiga piano kama Tony Jackson na Jelly Roll Morton walipata riziki katika madanguro yake, na bendi zilipiga katika baa za jirani. Dai kwamba jazi ilizaliwa humo halisimami: Buddy Bolden, mpiga koneti ambaye wenzake walimtaja kuwa wa kwanza kupiga kwa namna ile mpya, alijijengea jina katika kumbi za dansi na bustani za upande mwingine wa mji, na mwaka 1907 alikuwa ameshapelekwa hospitali ya wagonjwa wa akili, alikokaa hadi kufa mwaka 1931. Hakuna rekodi yake iliyopatikana. Majengo ya Storyville yalibomolewa karibu yote, zikajengwa nyumba za serikali.

Safari ndefu zaidi huvuka barabara ya Canal hadi South Rampart. Huko, mtaa wa fukara alikokulia Louis Armstrong ulifyekwa, na ukumbi wa jiji unasimama katika eneo hilo. Yeye alizoea kusema alizaliwa tarehe 4 Julai 1900; kumbukumbu ya ubatizo iliyopatikana baada ya kifo chake inaonesha 4 Agosti 1901. Kwa maelezo yake mwenyewe, familia ya Karnofsky, Wayahudi wahamiaji waliomwajiri utotoni, ilimsaidia kupata koneti yake ya kwanza. Kijana huyo ndiye aliyepokewa Léopoldville Oktoba 1960 akiwa amebebwa juu juu kwenye kiti, wakati Kongo na Tanganyika zilikuwa tayari zimejaa bendi za dansi zilizojiita Jazz, kuanzia OK Jazz hadi Dar es Salaam Jazz Band. Duka la akina Karnofsky lilisimama South Rampart mpaka tarehe 29 Agosti 2021, kimbunga Ida kilipoliangusha. Eagle Saloon, ukumbi wa Iroquois na Little Gem, vilivyo kwenye kipande hicho hicho cha barabara, vilisalimika, na wapenzi wa historia wanazidi kuwabana wamiliki na jiji vitunzwe.

Anayepanga safari achague asubuhi, hasa kati ya Juni na Septemba, maana joto la mchana huchosha na mvua huja ghafla. Matembezi mengine hutangazwa kuwa ya bure, lakini mwongozaji anaishi kwa bahashishi, kwa hiyo mlipe kama ambavyo ungelipia tiketi. Ukikutana na mazishi, usimpige picha mfiwa. Na ikiwezekana, ufanye matembezi Jumamosi ili Jumapili mchana ufuate maandamano ya chama kimojawapo, ambayo hufanyika karibu kila wiki kuanzia mwishoni mwa kiangazi cha huko hadi Juni. Redio ya jamii ya WWOZ hutangaza njia na saa. Yanadumu kama saa nne na hayana kiingilio. Vaa viatu vya kutembelea, beba maji, na ubaki nje ya kamba inayowazunguka wanachama na bendi.