Kipimo cha Quetelet
Kipimo cha BMI, yaani uzito ukigawanywa kwa mraba wa urefu, hakikubuniwa na daktari. Adolphe Quetelet, mwanahisabati wa Ubelgiji, alikipata miaka ya 1830 akitafuta wastani wa umma, si afya ya mtu mmoja. Jina la sasa lilitoka kwa Mmarekani Ancel Keys mwaka 1972, kwa ajili ya tafiti za watu wengi. Kwa hiyo wanene waliokusanyika Central Park, New York, mwaka 1967, wakachoma vitabu vya kupunguza uzito (kwa mbwembwe, bila shaka), walikuwa na hoja walipopinga kudharauliwa kwa uzito wao. Atakayepinga atataja kisukari na presha. Ni kweli, unene uliokithiri huongeza hatari hizo. Lakini fedheha si dawa: anayeogopa kudhihakiwa kliniki huchelewa kupimwa. Mizani pekee haitoshi. Sukari na presha nazo zipimwe.