Kaldera si Kreta

Kaskazini kabisa mwa Chad, katikati ya Sahara, iko milima ya Tibesti, nchi ya Wateda, ambao ni tawi la Watubu. Huko kuna shimo lenye upana unaofika kilomita 8 na kina cha karibu mita 1,000. Wateda huliita Doon Orei, shimo kubwa. Wafaransa waliona sakafu yake nyeupe wakaliita Trou au Natron, nasi tukiharakisha tutaandika “Shimo la Natroni”, tukiacha neno tulilo nalo jikoni. Natroni ni magadi, yale yale yatiwayo kwenye maharage yaive upesi.

Neno linalonisumbua zaidi ni aina ya shimo lenyewe. Mara nyingi tunaandika kreta, au kasoko, kumbe hili ni kaldera. Kreta ni kinywa cha volkano, pale gesi, majivu na lava vinapotokea. Kaldera huja kwa njia nyingine kabisa. Chini ya mlima kuna hodhi ya magma, yaani miamba iliyoyeyuka. Volkano ikilipuka kwa nguvu na kuitapika magma hiyo kwa wingi, dari ya hodhi hukosa cha kuishikilia, na kilele hudidimia chote, kama paa la nyumba ya udongo iliyong’olewa nguzo. Kreta hutokana na kinachotoka. Kaldera hutokana na pengo linalobaki.

Kihispania, caldera ni sufuria kubwa. Kutafsiri hivyo kunavutia, lakini sikubali: sufuria inataja umbo na kunyamaza juu ya anguko. Naona tuandike kaldera, na mara ya kwanza tumfafanulie msomaji kuwa ni shimo la mdidimio. Kitenzi kudidimia kinabeba kisa chote.

Tofauti ya kreta na kaldera inaonekana vizuri Tibesti. Emi Koussi, mlima mrefu kuliko yote ya Sahara, wenye zaidi ya mita 3,400, una kaldera kileleni, na ndani yake shimo jingine dogo, Era Kohor, nalo lina magadi. Ndani ya Doon Orei vimechomoza vilima vya volkano baada ya mlima kuanguka. Jirani yake, Toussidé, bado hutoa mvuke.

Nasi tuna ya kwetu. Ile tunayoiita Kreta ya Ngorongoro ni kaldera: mlima ulididimia zaidi ya miaka milioni 2 iliyopita, ukaacha kuta za mita 600 hivi na sakafu ya kilomita za mraba 260. Ziwa lililomo humo linaitwa Magadi. Sababu ni umbo: shimo hilo la mdidimio limezungukwa na ukuta pande zote. Maji yanayoingia na chumvi zake hayana mto wa kutokea. Jua huyapandisha maji kuwa mvuke, na magadi yakabaki.