Ramani ya Sakawa: Utabiri, Mji na Majina katika Nchi ya Gusii

Tunapomtaja mchora-ramani, fikra zetu humwendea mtu mwenye karatasi, dira na kalamu. Kwa kipimo hicho, nchi ya Gusii haikuwa na mchora-ramani hata mmoja kabla ya kuja Waingereza. Hata hivyo, aliyepata kuketi na wazee wa Kisii na Nyamira amesikia habari za Sakawa (wengi huandika Sakagwa), mtabiri wa Kitutu aliyeishi katika nusu ya pili ya karne ya 19, na tendo wanalomsifia halina jina jingine linalolifaa ila kuchora ramani. Makala haya yananuia kulichunguza tendo hilo, na kuuliza kwamba ni ushahidi wa namna gani.

Yafaa kukumbuka kwanza kwamba ramani ya kusemwa si jambo geni katika Afrika Mashariki. Mwaka 1870 jarida la Chama cha Kifalme cha Jiografia cha London lilichapisha maelezo ya njia za misafara iendayo bara, aliyoyakusanya mmisionari Thomas Wakefield. Maelezo hayo kwa sehemu kubwa yalitoka kinywani mwa Sadi bin Ahedi, msafiri wa upande wa Gazi. Kinywa kilitangulia, karatasi ikafuata. Sakawa hakumpata Wakefield wake.

Masimulizi yasema hivi. Sakawa alikwenda mahali palipoitwa Getembe, ambapo wakati huo hapakuwa na boma wala duka, akachomeka vijiti ardhini: hapa patajengwa nyumba ya wagonjwa, hapa watakaa askari, hapa watakaa watawala. Akawaambia watu wake kwamba wageni weupe watakuja na mashujaa watanyang'anywa silaha zao. Kisha, siku moja, wageni hao watakwenda zao. Mwaka 1907 Waingereza walianzisha kituo chao cha utawala papo hapo Getembe.

Msomaji mwenye shaka atasema kwamba huo ni utabiri uliotungwa baada ya tukio, na shaka yake ni halali. Masimulizi haya yaliandikwa wakati mji ulikwisha kusimama, na orodha ya majengo si moja kwa kila msimulizi. Mimi mwenyewe sioni njia ya kuthibitisha kwamba vijiti vile vilichomekwa. Lakini mwanahistoria anayekomea hapo ameuliza swali moja tu, tena lililo dogo. Swali kubwa ni hili: je, watu waliifuata ramani hiyo?

Waliifuata, na kwa gharama. Mnamo Januari 1908 Otenyo, aliyechochewa na mtabiri wa kike Moraa, alimchoma mkuki mtawala wa Kiingereza, Northcote. Northcote akapona, na jeshi la adhabu lililofuata likaua watu na kuteka ng'ombe. Miaka sita baadaye, Septemba 1914, Wajerumani waliingia mjini Kisii, na tarehe 12 ya mwezi huo wakapigana na Waingereza hapo hapo. Kwa muda mfupi mji ukabaki bila mtawala. Wenyeji wakaingia, wakayateka maduka na ofisi, maana wengi waliamini kwamba sehemu ya pili ya maneno ya Sakawa imetimia na mzungu amekwenda zake. Hakuwa amekwenda. Waingereza walirudi na kuwaadhibu vikali. Matumaini hayo hayo yakaingia katika dini ya Mumbo, ambayo wafuasi wake wa Gusii walimngojea Sakawa arudi. Serikali ikaipiga vita, na baadhi ya viongozi wake wakapelekwa uhamishoni pwani.

Ramani iliyoweza kuwatoa watu majumbani mwao namna hiyo haiwezi kutupwa katika kapu la ngano za watoto.

Kwetu sisi wanafunzi wa lugha, kuna alama nyingine ambayo haihitaji kuthibitishwa, kwa kuwa ingali inasemwa. Mji ule una majina matatu. Getembe ni jina la mahali palipokuwapo kabla ya boma. Kisii ni jina la karatasi za serikali, nalo limetuletea katika Kiswahili umbo la ajabu la Kikisii, ilhali wenyewe, wana wa Mogusii, lugha yao huiita Ekegusii. Jina la tatu ni Bosongo, nalo ndilo lenye utamu. Katika Ekegusii nchi ya ukoo huundwa kwa kiambishi bo-: Ababasi wana Bobasi, Abanchari wana Bonchari, Abagirango wana Bogirango, sawasawa na u- katika Unyamwezi na Ugogo. Mzungu ni Omosongo, wazungu Abasongo. Makao yao basi yakawa Bosongo. Bila kikao wala amri, sarufi ikawapa wageni sehemu yao kana kwamba ni ukoo mmoja zaidi, umewekwa kando ya koo nyingine, wenye mipaka.

Abasongo waliondoka na bendera yao Desemba 1963. Mtu ashukaye leo kutoka Manga, upande wa Nyamira, kwenda sokoni mjini, bado husema anakwenda Bosongo.