Jeraha la Askari Lisiloandikwa na Daktari

Pangani, askari wa Mjerumani anakumbukwa kama mtesaji, na wanaomkumbuka hivyo wana haki. Julai 1889 kikosi cha Mjerumani Hermann von Wissmann, chenye Wasudani wengi walioandikishwa Misri, kiliutwaa mji. Desemba, Abushiri bin Salim, aliyeongoza upinzani, akanyongwa papa hapa. Hemedi bin Abdallah el-Buhriy wa Tanga alivitungia vita vile utenzi, akiwa upande wa watu wa Mrima, yaani wa pwani. Askari aliyeshtuka usingizini akipiga kelele hakuwa na mshairi.

Wala hakuwa na daktari. Februari 1915, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, daktari Charles Myers alieleza katika jarida la Lancet habari za askari watatu wa Kiingereza ambao, baada ya kulipukiwa na makombora, walipoteza kumbukumbu, na kuona, kunusa na kuonja kwao kukaharibika. Miezi mitatu kabla, katika vita hivyo hivyo, yalipiganwa mapigano ya Tanga. Waingereza walishusha wanajeshi wapatao 8,000, wengi Wahindi waliokuwa wamesongamana melini wiki nyingi wakitapika. Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, alikuwa na kama 1,000. Bunduki za rashasha zikaanza, risasi zikapasua mizinga ya nyuki, nyuki wakawavamia watu. Baadhi ya Wahindi wakatimua mbio hadi ufukweni. Waliitwa waoga, na nyuki nao wakabeba lawama. Ugonjwa haukutajwa.

Si kwamba hospitali haikuwepo. Ukiufuata Mto Pangani hadi Korogwe, milimani iko Lutindi, kituo cha wamisionari kilichofunguliwa 1896 kwa watoto waliokombolewa utumwani. Tangu 1904 kikapokea wagonjwa wa akili, cha kwanza cha aina hiyo katika koloni zima la Wajerumani.

Mwanahistoria Michelle Moyd, katika kitabu chake cha 2014 kuhusu askari wa Mjerumani, anaonyesha kuwa walichokitafuta jeshini ni ukubwa: nyumba, wake, watumishi, jina. Hapo ndipo naona kiini cha ukimya wao. Mtu ambaye riziki na heshima yake vyote vilitokana na kuogopwa, angesema kwa nani kwamba yeye ndiye anayeogopa?

Na wapagazi waliobeba mizigo ya majeshi katika Vita Kuu? Upande wa Waingereza pekee walikufa zaidi ya 95,000, wengi kwa maradhi na njaa. Waliorudi waliachiwa mama zao na waganga.

Mwaka 1964 Ujerumani Magharibi iliamua kuwalipa askari wake wa zamani waliobaki hai. Husimuliwa kwamba huko Mwanza wazee wengi walikuja bila karatasi yoyote, hivyo kila mmoja akapewa ufagio aushike kama bunduki, akaamrishwa kwa Kijerumani. Hakuna aliyekosea. Kisa hiki hutolewa kwa kicheko, kusifu nidhamu. Mimi sicheki sana: miaka 46 baada ya vita kwisha, mzee anasikia amri, na mikono yake inatii kabla hajafikiri.