Fred Breinersdorfer: Wakili aliyegeuza majalada ya Gestapo kuwa filamu

Februari 2005, kwenye tamasha la filamu la Berlin, filamu kuhusu siku za mwisho za mwanafunzi Sophie Scholl ilitwaa tuzo mbili za Dubu wa Fedha: moja ya mwongozaji Marc Rothemund, nyingine ya mwigizaji Julia Jentsch. Mwandishi wake, Fred Breinersdorfer, alikuwa wakili.

Alizaliwa Mannheim mwaka 1946, akafanya uwakili Stuttgart. Miaka ya 1980 aliandika riwaya za upelelezi, na mhusika wake mkuu, wakili Abel, akaingia kwenye televisheni. Alikuwa mtu aliyezoea kusoma jalada la kesi na kuona mahali mshitakiwa anapobanwa.

Ujuzi huo ulimfaa sana kwa Sophie. Msichana huyo wa miaka 21 na kaka yake Hans walikamatwa tarehe 18 Februari 1943, baada ya kusambaza vipeperushi vya kumpinga Hitler katika Chuo Kikuu cha Munich. Siku nne baadaye walihukumiwa na kukatwa vichwa, pamoja na mwenzao Christoph Probst.

Kumbukumbu za mahojiano yao na Gestapo, polisi wa siri wa Hitler, zilifungiwa Ujerumani Mashariki hadi nchi ilipoungana mwaka 1990. Filamu mbili zilizotoka 1982 kuhusu vijana hao hazikuwa nazo. Breinersdorfer alizifanya kiini cha hadithi: Sophie mezani na mpelelezi Robert Mohr. Anakana kwa utulivu. Hans anapokiri, naye anakiri, kisha anakataa kumtupia kaka yake lawama ili apone.

Mwaka 2015, pamoja na binti yake Léonie-Claire, aliandika filamu ya Georg Elser, seremala aliyetega bomu katika ukumbi wa bia Munich, Novemba 1939. Hitler aliondoka dakika 13 kabla halijalipuka; watu wanane walikufa. Hapa pia mahojiano ya Gestapo yalikuwa chanzo kikuu. Mwaka uliofuata ikatoka filamu aliyoiandika kutokana na shajara ya Anne Frank, msichana Myahudi aliyejificha dhidi ya Wanazi.

Jalada la adui halisomwi kama ushahidi safi. Liliandikwa ili kutia hatiani, na aliyehojiwa alikuwa na sababu za kuficha mengi. Breinersdorfer alijua kupima maelezo ya namna hiyo, ndiyo maana karatasi zilizokusudiwa kuwaangamiza Sophie na Elser leo zinawatetea.